Kukata rufani ni mwanzo tu

Wengi wanaona wakisha kuandikisha rufani kwenye grefe, kazi imekwisha. Sivyo. Katika kesi za madai, sheria ya Kongo inampa aliyeshindwa siku 30 tangu huissier amletee hukumu. Kwa jinai ni 10 tu. Kisha anapaswa kuleta kopi rasmi ya hukumu anayoipinga, yenye muhuri. Bila karatasi hiyo rufani inakataliwa mlangoni. Na kopi inalipiwa. Hapo ndipo maskini wengi wanakwama.

Halafu kuna kutofika. Kama aliyekata rufani hayupo siku ya kesi, wala avoka wake, upande wa pili unaweza kuomba défaut-congé. Juji anaangalia kwanza kama kweli alijulishwa tarehe. Kama alijulishwa, rufani inaanguka bila kuchunguza nani mwenye haki, na hukumu ya kwanza inabaki na nguvu yake.

Wapo wanaokata rufani kwa kukawiza tu. Tuseme mjane ameshinda parsele ya marehemu mume wake. Rufani inasimamisha hukumu, isipokuwa juji aliamuru itekelezwe mara moja. Basi mshindwa anabaki ndani ya nyumba, anakusanya kodi, dosye inalala. Mama huyo asikae akingoja: yeye pia anaweza kwenda grefe kuomba tarehe na kumpelekea mwenzake mwito kwa njia ya huissier. Mwenzake asipokuja, mama au avoka wake aombe défaut-congé palepale.