Ukoo wa Nyuki na Milango Iliyofungwa

Juma hili, ndugu msikilizaji, naomba tuzungumze habari za nyuki. Sina maana ya hawa wetu wa asali, bali ndugu zao wa nchi za baridi: wanene, wamejaa manyoya, na wengi wao wana mistari myeusi na ya manjano. Wataalamu huwaita Bombus. Wako aina zaidi ya 250 duniani, lakini hapa Afrika wanaishia kaskazini, Sahara hawaivuki. Yule mkubwa mweusi anayetoboa boriti za nyumba zetu siye. Huyo ni nyuki seremala.

Utaniuliza, nyuki tusiokuwa nao wanatuhusu nini? Wanatuhusu, kwa sababu ukoo wao ni ukoo wa nyuki wetu pia. Ni ukoo wa nyuki wanaobeba chavua ya maua katika kikapu kilichoko mguu wa nyuma. Leo una milango minne: nyuki wa asali, nyuki wadogo wasiouma, Bombus, na nyuki wa rangi za kung'aa wa misitu ya Amerika ya Kati na Kusini.

Zamani milango ilikuwa mingi zaidi. Mwaka 2001 mtaalamu wa Marekani, Michael Engel, alichapisha uchunguzi wake wa nyuki walionaswa ndani ya kaharabu ya pwani za Bahari ya Baltiki, huko Ulaya. Kaharabu ni utomvu wa miti ulioganda, na huu uliganda miaka kama milioni 40 iliyopita. Mdudu aliyenasa humo anaonekana hadi vinyweleo vyake. Engel alitambua milango mitatu ambayo leo haina hata nyuki mmoja aliye hai. Mmoja wao, Electrobombus, alifanana na Bombus kiasi cha kupewa jina linalokaribiana.

Walikwenda wapi? Wakati wao Ulaya ilikuwa na misitu ya joto. Miaka kama milioni 34 iliyopita dunia ilipoa, misitu ile ikatoweka, nao wakatoweka. Huko Florissant, Colorado, katika mawe ya majivu ya volkano yenye umri kama huo, amepatikana Calyptapis, jamaa mwingine wa Bombus aliyekwisha toweka. Bombus mwenyewe amebaki. Ana koti la manyoya, na kukiwa na baridi hutetemesha misuli yake mpaka mwili upate moto, ndipo aruke.

Misuli hiyo hiyo humfaa mkulima. Bombus hulikumbatia ua la nyanya na kulitikisa mpaka chavua inamwagika. Nyuki wa asali hawezi kazi hiyo. Ndiyo maana tangu mwishoni mwa miaka ya 1980 Ulaya wanawafuga Bombus na kuwauza katika maboksi kwa wakulima wa nyanya.

Biashara hiyo imeleta msiba. Chile iliwaingiza Bombus wa Ulaya mwishoni mwa miaka ya 1990. Wageni walitoroka, wakavuka hadi Argentina, na popote walipofika, mwenyeji wa huko, Bombus dahlbomii mkubwa wa rangi ya machungwa, amepungua mno. Marekani nako, Bombus franklini wa Oregon na California alionekana mara ya mwisho mwaka 2006.

Ile milango mitatu ilifungwa na hali ya hewa, na mchakato ule ulichukua muda mrefu. Hawa wa leo tunawamaliza sisi, tena katika umri wa mtu mmoja.

Kwetu je? Utafiti uliofanywa Nguruman, Kenya, na kuchapishwa mwaka 2008, ulionyesha kwamba biringanya za huko hutikiswa maua na nyuki wa porini, akiwemo nyuki seremala, na kwamba nyuki hao wanategemea vichaka vilivyo kando ya mashamba. Vichaka hivyo ndivyo tunavyovifyeka kila siku tukidhani havina kazi. Mimi nasema tuviache. Mlango wa ukoo ukishafungwa, hakuna boksi la kutoka Ulaya litakaloufungua.