Bahari Isiyopimwa Haitabiriki

Mwishoni mwa mwaka 2019 mvua za vuli zilipita kiasi Afrika Mashariki. Mito ilivunja kingo zake, na huko Pokot Magharibi, Kenya, maporomoko ya ardhi yaliua makumi ya watu. Chanzo kikubwa cha balaa hilo lililotokea bara kilikuwa baharini. Upande wa magharibi wa Bahari ya Hindi, ulio karibu nasi, maji yalipata joto kupita kawaida, huku yale ya karibu na Sumatra yakipoa. Bahari yenye joto hutoa mvuke mwingi, na mvuke huo ndio uliotunyeshea. Setilaiti huliona joto la juu ya maji, lakini joto la chini hailifikii, na huko ndiko habari za miezi ijayo zinakoanzia: mawimbi ya kilindini husafirisha athari za joto hilo polepole kutoka mashariki hadi magharibi, na ukawaida wa mwendo huo humpa mtabiri nafasi ya kusema mapema. Bila vipimo vya kilindini, hata kompyuta yenye nguvu kiasi gani itakuwa inabahatisha.

Vipimo hivyo huletwa zaidi na maboya ya mpango wa Argo, yaliyoanza kutupwa baharini mwaka 1999 na sasa yanakaribia 4,000 duniani kote. Boya huelea kwenye kina cha mita 1,000. Kila baada ya siku kumi hivi huzama hadi mita 2,000, kisha hupanda likipima joto na chumvi, na likifika juu hutuma matokeo kwa setilaiti. Takwimu zake hutolewa bure kwa yeyote.

Wapo watakaouliza: wazee wa pwani hawakusafiri kwa karne nyingi bila mitambo? Walisafiri, kwa kuwa walizijua kaskazi na kusi na wakahesabu bamvua na maji mafu kwa mwezi. Maarifa hayo nayo ni vipimo, vilivyokusanywa kizazi baada ya kizazi. Udhaifu wake ni kwamba hutegemea mambo kujirudia. Kimbunga Hidaya kilipoikaribia Tanzania Mei 2024, jambo lililo nadra katika pwani ile, mazoea yasingemsaidia nahodha. Kilichosaidia ni tahadhari iliyotolewa na Mamlaka ya Hali ya Hewa kabla hakijafika.

Wengine watasema utabiri hukosea, na vifaa ni ghali. Ni kweli hukosea, na hukosea zaidi penye pengo la vipimo. Uharamia wa Somalia ulipopamba moto, meli za utafiti zilishindwa kutupa maboya katika eneo kubwa la bahari yetu, hadi majeshi ya majini ya Marekani na Australia yakasaidia. Ramani nayo ina mapengo: sakafu ya bahari iliyopimwa kwa usahihi haizidi sana robo yake. Kina cha bahari ndicho kinachoamua kasi ya tsunami, ambayo kwenye maji ya mita 4,000 hukimbia takriban kilomita 700 kwa saa. Wimbi la Desemba 26, 2004 lilichukua saa kadhaa kuifikia Somalia, likaua takriban watu 300. Muda wa kukimbia ulikuwepo. Mfumo wa kuwaonya haukuwepo. Ukiupima uhai uliopotea, gharama ya vifaa haionekani kubwa.

Hata hivyo tusitegemee maboya ya wengine tu. Boya linalozama mita 2,000 halifai mkondo wenye kina kifupi kama ule wa kati ya Unguja na bara, nako ndiko ngalawa na boti nyingi ziliko. Nchini New Zealand, mradi wa Moana umefunga vipimajoto kwenye zana za wavuvi, kila safari ya uvuvi ikawa pia safari ya kupima. Njia hiyo ni nafuu, na inawafaa wavuvi wetu, kwani bahari wanayoifahamu kuliko mtu yeyote ndiyo hiyo ambayo haijapimwa vya kutosha.