Shufwa na witiri: Mtoto aanze na jozi kabla ya kanuni

MWANAFUNZI wa Gredi ya Tatu akiulizwa iwapo 38 ni nambari shufwa, huenda akajibu upesi kuwa ndiyo, kwani inaishia na 8. Jibu ni sahihi. Lakini akiulizwa ni kwa nini tarakimu ya mwisho pekee ndiyo inayoamua, huenda akanyamaza.

Kimya hicho kina gharama. Anayekariri kanuni bila kuijua maana yake huweza kudai kuwa 83 ni shufwa kwa kuwa imeanza na 8, na hajui aiweke wapi sufuri.

Katika eneo la Samburu, kaunti ya Kwale, mfano mwafaka huonekana njiani. Katika sehemu hii kame iliyo kando ya barabara kuu ya Mombasa kuelekea Nairobi, punda hutumika kubeba maji. Mitungi hufungwa kwa idadi sawa pande zote mbili, mzigo usije ukaelemea upande mmoja.

Mitungi minne hugawanyika miwili kwa miwili. Ikiwa mitano, mmoja hukosa mwenzake. Idadi inayogawanyika hivyo bila baki ni shufwa. Inayobakisha moja ni witiri.

Maneno haya yana asili ya Kiarabu. Mtoto anayehudhuria madrasa hulijua neno witiri kutokana na sala ya usiku ambayo idadi ya rakaa zake haigawanyiki kwa mbili.

Sufuri nayo ni shufwa. Punda asiyebeba mtungi hana kitu kulia wala kushoto; pande zote ziko sawa.

Siri ya tarakimu ya mwisho

Kumi ni jozi tano kamili. Makumi, mamia na maelfu yote hufungwa kwa jozi bila baki, kwa hiyo hayana haja ya kuchunguzwa. Kinachosalia ni mamoja. Katika 38, makumi matatu ni jozi tupu, na 8 ni jozi nne. Katika 83, makumi manane ni jozi, lakini 3 hubakisha moja.

Kujumlisha pia huwa wazi. Saba ina jozi tatu na baki moja. Tano ina jozi mbili na baki moja. Zikijumlishwa, mabaki hayo mawili huwa jozi moja, na jibu ni 12. Ndiyo maana witiri mbili huzaa shufwa. Shufwa ikijumlishwa na witiri, baki hukosa mwenzake, na jibu huwa witiri.

Katika kuzidisha, shufwa moja yatosha kulifanya jibu kuwa shufwa: makundi matatu ya nne ni makundi ambayo tayari yamo katika jozi. Witiri kwa witiri huzaa witiri, kama 3 mara 5, ambayo ni 15.

Faida yake ni kuwa mtoto hupata njia ya kujisahihisha. Akiandika kwamba 47 na 35 ni 81, hahitaji kumsubiri mwalimu kujua kuwa amekosea, kwa sababu witiri mbili haziwezi kuzaa witiri. Hata hivyo, mtihani huu haunasi kila kosa: 84 ingepita, ilhali jibu ni 82.

Nambari hizi zina fumbo ambalo hata mabingwa hawajalifumbua. Mnamo 1742, Christian Goldbach alimwandikia Leonhard Euler barua iliyozaa dhana kwamba kila shufwa inayozidi 2 ni jumla ya nambari tasa mbili, yaani zile zisizogawanyika ila kwa moja na kwa zenyewe. Kwa mfano, 10 ni 3 na 7. 28 ni 5 na 23. Kompyuta hazijapata shufwa iliyokaidi, lakini uthibitisho kamili haujapatikana.

Mtoto anayejua kujumlisha anaweza kuijaribu 30 leo kwa penseli na karatasi.