Kliniki ya Mtoto Haiishii Miezi 9

Wazazi wengi huacha kwenda kliniki mara mtoto anapodungwa chanjo ya surua na rubella akiwa na miezi 9. Hata hivyo, ratiba ya chanjo nchini Kenya ina dozi ya pili, ambayo hutolewa mtoto akifikisha miezi 18.

Surua, ambayo wengi tunaiita ukambi, husambaa kwa njia ya hewa. Virusi vyake vinaweza kubaki chumbani hadi saa 2 baada ya mgonjwa kuondoka. Katika Mji wa Kale, ambako familia kadhaa huishi jengo moja na watoto hucheza pamoja vichochoroni, mgonjwa mmoja anatosha kuambukiza wengi. Ugonjwa huu unaweza kuleta nimonia, upofu na hata kifo.

Dozi ya kwanza peke yake huacha takriban watoto 15 kati ya 100 bila kinga. Dozi ya pili ndiyo inayowakinga wengi wa hao waliobaki.

Ikiwa mtoto amepitisha miezi 18, mpeleke vivyo hivyo. Mafua madogo si sababu ya kuahirisha. Kijitabu cha Afya ya Mama na Mtoto kikipotea, usibaki nyumbani kwa kuogopa kukaripiwa: kituo huweka rekodi zake. Siku hiyo hiyo mtoto anaweza kupata matone ya vitamini A na dawa ya minyoo.

Watu wazima nao wasijisahau:

- Mama mjamzito hudungwa chanjo ya pepopunda, inayomkinga yeye na mtoto atakayezaliwa.
- Msichana aliyefikisha miaka 10 hupewa chanjo ya HPV, virusi vinavyosababisha saratani ya mlango wa kizazi. Chanjo hii ilizinduliwa kitaifa hapa Mombasa Oktoba 2019.
- Anayekwenda Hija adungwe chanjo ya homa ya uti wa mgongo angalau siku 10 kabla ya kuwasili Saudi Arabia.

Chanjo za watoto, wajawazito na HPV ni bure katika vituo vya afya vya umma. Ukiwa na swali, muulize muuguzi au mhamasishaji wa afya ya jamii wa mtaa wako.

Leo, fungua kijitabu cha mtoto wako, utazame ukurasa wa chanjo. Nafasi ya miezi 18 ikiwa tupu, mpeleke kituoni wiki hii.