Kabla Mwanao Hajasomea Maendeleo ya Kimataifa, Itazameni Elburgon

Miongoni mwa kozi ambazo vijana wetu wa Pwani huomba chuo kikuu ni maendeleo ya kimataifa. Mzazi huuliza: huyu akimaliza atakuwa nani? Ni swali la haki, kwani karo ni jasho la mtu.

Kwa ufupi, somo hili huchunguza kwa nini mahali pamoja pananeemeka na pengine pamebaki nyuma, na ni nani anayeamua. Ndani yake mna uchumi, siasa, historia, mazingira na takwimu. Si jambo geni kwetu: Chuo Kikuu cha Nairobi kilianzisha taasisi ya masomo ya maendeleo mwaka 1965, na Dar es Salaam ikawa na yake mwaka 1973.

Mfano mzuri ni Elburgon, kaunti ya Nakuru. Ni mji wa mbao, ubavuni mwa msitu wa Mau, na viwanda vya mbao vimelisha nyumba nyingi huko. Februari 2018 serikali ilipiga marufuku ukataji miti katika misitu ya umma. Ilianza kama marufuku ya siku 90, ikaongezwa tena na tena, hadi Julai 2023 Rais William Ruto alipotangaza, akiwa Molo, kwamba imeondolewa. Watetezi wa mazingira walipinga na shauri likafika mahakamani.

Nani ana haki hapo? Mfanyakazi wa kiwanda anataka mshahara. Lakini Mau ndiyo chemchemi ya mto Mara, unaovuka mpaka na kuingia Tanzania. Uamuzi kuhusu msitu huo unamgusa mfugaji asiyewahi kuisikia Elburgon. Hapo ndipo neno "kimataifa" linapopata maana. Mwanafunzi hufundishwa kuwahesabu wote wanaoguswa, kupima faida na hasara, na kuuliza nani hakuitwa mkutanoni.

Sisi tunalijua swali hilo. Mwaka 2018 Mahakama Kuu ya Malindi iliamuru wavuvi wa Lamu walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa sababu ya ujenzi wa bandari. Kesi kama hiyo inahitaji watu wanaojua kusoma ripoti ya mazingira na kukadiria hasara ya mvuvi. Tukikosa wetu, tutasomewa na wengine.

Sasa upande wa ajira, tusidanganyane. Wengi waliosomea fani hii walitegemea mashirika ya misaada. Mwaka 2025 Marekani ilifunga shirika lake la USAID, na Wakenya wengi wakapoteza kazi. Shahada tupu haitoshi tena.

Kwa hivyo, kijana akilipenda somo hili, aliambatanishe na ujuzi unaoshikika: takwimu, uhasibu, uchoraji wa ramani kwa kompyuta, kilimo au uvuvi. Likizoni afanye mafunzo katika ofisi ya kaunti, chama cha ushirika au kikundi cha wavuvi. Na kabla ya kulipa karo, mzazi aombe chuo orodha ya masomo ya miaka yote, aone kama takwimu na mafunzo ya nyanjani yamo. Yasipokuwemo, atafute chuo kingine.