Wakagua gesi mara kumi? Si usahaulifu, ni shaka

JE, msomaji, umewahi kufika kwenye steji ya matatu kisha moyo ukakwambia kwamba hukuzima gesi? Ukarudi mbio nyumbani, ukakuta imezimwa, ukajicheka na kushika njia kwenda kazini?

Hilo humpata kila mtu na halina neno. Lakini kuna watu ambao hurudi mara ya pili, ya tano, hata ya kumi. Kila wanaporudi, shaka huzidi badala ya kupungua. Hawa si wazembe wala si wendawazimu. Ni wagonjwa, na ugonjwa wao una tiba.

Miaka kadhaa iliyopita nilijiwa na mama mmoja wa miaka 34, karani katika ofisi moja jijini Nairobi. Shida aliyonieleza ilikuwa ni kusahau.

"Daktari, akili yangu inaniacha," aliniambia. "Kila asubuhi sikumbuki kama nimezima gesi wala kama nimefunga mlango."

Alikuwa ameandikiwa barua mbili za onyo kwa kuchelewa kazini, na ya tatu ingemfuta. Isitoshe, mamake mzazi alikuwa na ugonjwa wa usahaulifu wa uzeeni, naye aliamini kwamba zamu yake ilikuwa imefika mapema.

Nilimpima damu, nikampa vitamini na kumhakikishia kwamba hana lolote. Baada ya wiki mbili alirudi hali ikiwa mbaya zaidi.

Nakiri kwamba nilikosea. Sikuwa nimemwuliza swali moja rahisi: ukishazima gesi, huikagua mara ngapi? Nilipouliza, aliinamisha kichwa. Mara 20 na zaidi, akasema, saa nzima na nusu kila siku kabla ya kutoka. Hakuwa amesema kwa sababu ya aibu.

UGONJWA GANI HUU?

Madaktari huuita kwa kifupi OCD. Una sehemu mbili. Ya kwanza ni mawazo yanayomjia mtu bila kuyataka na kumtia hofu: kwamba nyumba itaungua, kwamba mikono yake ina uchafu, au kwamba atamdhuru mtoto wake. Ya pili ni vitendo anavyovirudia ili kutuliza hofu hiyo: kukagua, kunawa hadi ngozi ikachubuka, kuhesabu, kupanga vitu au kuuliza swali lile lile.

Ugonjwa huu si mgeni kwetu. Watu wa Pwani wanamfahamu mtu anayetawadha tena na tena hadi wakati wa swala ukampita. Humwita mtu wa wasiwasi.

Kati ya watu 100, wawili hivi huupata wakati fulani maishani. Mara nyingi huanza katika ujana, na wengi huuficha kwa miaka. Aghalabu mgonjwa anajua vyema kwamba anayoyafanya yamepita kiasi, lakini hawezi kuacha.

JE, AKILI IMEHARIBIKA?

Hapa ndipo wengi hukosea, nikiwamo mimi. Wagonjwa wa OCD wanapopimwa, akili zao kwa jumla huwa sawa na za watu wengine. Ni kweli kwamba baadhi yao hupata taabu kidogo katika kupanga kazi yenye hatua nyingi, kuhama kutoka jambo moja hadi jingine, au kukatiza kitendo walichokwisha kukianza. Hata hivyo, kwa wastani tofauti hizo si kubwa, na si wote walio nazo.

Na kumbukumbu je? Mnamo 2003, watafiti wawili wa Uholanzi, Marcel van den Hout na Merel Kindt, walichapisha jaribio lenye funzo kubwa. Walichukua watu wazima wa afya, wasio na ugonjwa huu, wakawapa meko ya gesi yaliyochorwa kwenye kompyuta. Kundi moja liliyawasha, kuyazima na kuyakagua mara 20. Kundi la pili lilikagua taa badala ya meko. Mwishoni wote walikagua meko, kisha wakaulizwa waliyoyakumbuka.

Majibu ya makundi yote mawili yalikuwa sahihi kwa kiwango kile kile. Lakini waliokagua meko mara nyingi walisema kumbukumbu zao zilikuwa na ukungu, na hawakuziamini tena.

Umeona mtego huo, msomaji? Mtu hakagui kwa sababu amesahau. Kule kukagua ndiko kunakozaa shaka. Mara ya kwanza unatazama kwa makini. Kufikia mara ya 20, macho yanatazama kwa mazoea tu, picha zote zinafanana, na huwezi kusema ipi ni ya sasa. Ni kama kukata kiu kwa maji ya bahari.

TIBA

Ikiwa kukagua ndiko kunakolisha shaka, basi tiba ni kuinyima shaka chakula chake.

Mnamo 1966, mwanasaikolojia Victor Meyer wa Hospitali ya Middlesex jijini London alieleza jinsi alivyowatibu wagonjwa wawili kwa kuwakabilisha na walichokiogopa, huku wakizuiwa kufanya vitendo vyao vya kurudia. Hadi leo njia hiyo ndiyo msingi wa tiba ya mazungumzo na mazoezi kwa ugonjwa huu.

Hufanywa hatua kwa hatua, mtu akisaidiwa na mtaalamu. Mama niliyemtaja nilimpeleka kwa mwanasaikolojia, wakaandika hofu zake kuanzia ndogo hadi kubwa. Alianza na kufuli la stoo: afunge mara moja, aondoke. Kisha swichi ya taa, halafu pasi. Gesi ilikuja mwisho.

Siku za kwanza alitoka jasho na kulia. Lakini alijifunza kwamba wasiwasi hupanda, hukaa, kisha hushuka wenyewe hata mtu asiporudi kukagua. Na nyumba haikuungua.

Aidha kuna dawa, kama vile fluoksetini na klomipramini. Hazifanyi kazi upesi. Huenda mtu akangoja hadi wiki 12, na mara nyingi kipimo huwa kikubwa kuliko cha mgonjwa wa huzuni. Kwa hivyo usijinunulie dawa hizi dukani, wala usiziache ghafla bila kumwona daktari.

Usidhani mazoezi hayo ni maneno matupu. Mnamo 1992, watafiti wa Los Angeles nchini Marekani walipiga picha za ubongo kabla na baada ya tiba. Waliopata nafuu kwa dawa na waliopata nafuu kwa mazoezi walionyesha badiliko katika sehemu ile ile ya ubongo.

JAMAA WAFANYE NINI?

Mumewe mama huyu alikuwa akimkagulia gesi, na kumjibu kila alipopiga simu kutoka kazini: "Imezimwa, usijali." Alifanya hivyo kwa mapenzi. Lakini kila jibu lilikuwa sawa na kukagua kwingine, kama vile maneno yangu ya kumhakikishia siku ile ya kwanza.

Usimcheke mgonjwa wala usimkemee. Kubalianeni, mkiwa pamoja na mtaalamu, kupunguza majibu hayo polepole. Mwambie: "Naona una wasiwasi, niko nawe, lakini tulikubaliana nisikujibu swali hilo."

Ikiwa mambo haya yanakula zaidi ya saa moja ya siku yako, au yanakuharibia kazi na nyumba, mwone daktari na umweleze bila aibu ni mara ngapi na saa ngapi. Omba rufaa kwa daktari wa magonjwa ya akili au mwanasaikolojia. Ukijiwa na mawazo ya kujiua, nenda hospitali siku iyo hiyo.

Lakini anayepotea njia ya kwenda kwake, au anayeiacha gesi ikiwaka kweli, ana shida nyingine inayohitaji kupimwa haraka.

Baada ya miezi minne, mama yule alikuwa akifika kazini kabla ya saa mbili. Barua ya tatu haikuandikwa. Shaka bado humjia asubuhi nyingine, aliniambia, lakini huiacha ipite kama matatu isiyokwenda mtaani kwake.