Maji ya Mvua Yasiingie Gereji

Kila masika, kati ya Machi na Mei, wapo wakazi wa Dar es Salaam wanaoamka na kukuta gereji ya nyumbani imegeuka bwawa. Wengi hulaumu mlango, wakabandika mpira chini yake. Mpira huzuia matone. Mkondo unaoteremka kutoka uani hauuwezi.

Dawa ni kuyakata maji kabla hayajafika mlangoni. Jenga mtaro mbele ya mlango, upana wake wote, uufunike kwa wavu wa chuma ili gari lipite. Uwe na mteremko wa kutoa maji, na uzolewe mchanga kabla ya mvua. Maji hayo yaelekee mfereji wa barabara. Ukiyaelekeza kwa jirani, utakuwa umeondoa maji ukaleta ugomvi.